Njia Mbili za Kulisoma Jeraha

Faili limefungwa kwa kamba nyekundu.
Miaka sita limekula vumbi la Shimla
kabla ya kupanda ngazi hadi mezani kwangu.
Nje theluji imelala juu ya mabati;
hita inaniunguza goti moja
na kulisahau la pili.
Nafungua.

Kwamba usiku wa tarehe tisa Juni,
kwenye mfereji unaogawa maji
baina ya mitufaa ya Hirdu na mitufaa ya Lachman,
Hirdu alimpiga jirani yake kwa mpini wa sururu,
na sikio la kushoto la Lachman likazima
kama redio iliyochomolewa ukutani.

Hakimu wa wilaya alimwachia huru.
Serikali imekata rufaa.
Nina kurasa mia mbili na kumi na nne.
Sina uso hata mmoja.

Ukurasa wa sitini na tatu:
Sundru, fundi wa masanduku ya matufaha,
aliulizwa kama mwezi ulikuwepo.
*Shahidi akanyamaza*, karani ameandika.
Maneno mawili.
Alinyamaza kiasi gani?
Kama mtu anayemeza mate,
au kama mtu anayeuona mpini ukishuka tena?
Hakimu aliyatazama mabega yake.
Mimi nimeachiwa nukta.
Asiyekuwapo na lake halipo,
nami ndiye asiyekuwapo, mwenye mamlaka.

Daktari ameandika kwa mwandiko unaoteleza:
kitu butu. Yawezekana mpini.
Yawezekana jiwe, endapo mgonjwa alianguka.
Yawezekana!
Kwa upenyo wa neno hilo
mtu mzima alipita, na kofia yake, na bibi yake,
akarudi kumwagilia miti.

Nitasema kweli, maana usiku huu hakuna anayeniandika:
naamini Hirdu alipiga.
Naamini kwa tumbo.
Lakini tumbo si kielelezo,
halikutolewa mbele ya shahidi,
halina muhuri.

Na sheria naijua, nimeifundisha wengine.
Mtu huingia kizimbani akiwa hana hatia;
akiachiwa, huvikwa koti la pili juu ya lile la kwanza.
Ikiwa ushahidi una njia mbili
na hakimu ameshika ile inayookoa,
sina ruhusa ya kumvuta shati arudi
eti kwa kuwa mimi ningepita ile nyingine.
Ni lazima nimkute amepotea.
Nimetafuta alipopotea tangu saa mbili.
Nimemkuta anatembea polepole, anachechemea,
yumo barabarani.

Jana walikuja wote wawili.
Lachman aligeuza kichwa kama kuku asikilizaye mwewe,
sikio zima kwangu, lililokufa kwa wakili wa serikali,
aliyesema kwa kasi kwa niaba yake
maneno ambayo nusu yake hakuyapata.
Hirdu ameota mvi. Kofia yake ya pindo la kijani
aliizungusha vidoleni saa nzima,
ikizunguka, ikizunguka, na wala haikuwa ushahidi.
Jioni, kutoka dirishani, niliwaona kituoni.
Basi la bondeni kwao ni moja tu.
Walipanda, mmoja mlango wa mbele, mmoja wa nyuma.

Sasa naandika. *Rufaa inatupwa.*
Nafuta. Naandika tena, yaleyale.
Natamani pawepo neno kati ya *hakufanya*
na *haikuthibitika*, neno la kumpa Lachman
aende nalo nyumbani,
aliweke karibu na dawa zake.
Lugha ya mahakama hainalo.
Ya mama yangu pia haikuwa nalo; alisema tu *haya*,
akaendelea kumenya vitunguu.

Mpiga chapa ananiuliza: Mheshimiwa, nitie nukta?
Nanyamaza.
Kiasi gani, karatasi haitasema.

Kesho nitaisoma kwa sauti, taratibu,
kiti changu nikiwa nimekisogeza
upande wa sikio lake la kulia.